Barua ya wazi: Liacheni duka, mtupitishe mtoni

Kwenu mnaopanga safari za nusu siku kutoka Bangkok kwenda Ayutthaya, na kwenu mnaoyatunza mahame ya mji huo,

Assalaam alaykum, na kwa msioitikia salamu hiyo, habari za kazi.

Mimi ni mtembeza wageni wa Mji Mkongwe, Unguja. Kazi hii naifanya mwaka wa 19 sasa. Natanguliza hilo ili mjue kwamba anayewaandikia si mtalii aliyekasirika kwa kuwa basi lilikosa kiyoyozi. Kiyoyozi kilikuwapo, maji baridi tulipewa, na dereva aliendesha kwa adabu kuliko madereva wetu wengi. Nawaandikia kama seremala anavyomwandikia seremala mwenzake baada ya kukaa kwenye kiti chake: kiti kinayumba, na najua mguu gani, maana changu nacho kinayumba mguu huo huo.

Nilikuwa Bangkok wiki tatu, namwangalia shangazi yangu aliyekuja kutibiwa macho. Siku moja alinifukuza chumbani. "Nenda ukatembezwe na wewe," akasema, "ujue wenzako wanavyoteseka." Basi nikakata tiketi ya nusu siku kwenda Ayutthaya.

Safari yenyewe mnaijua. Saa moja asubuhi mwatukusanya mahotelini, saa mbili na nusu tumeshafika, saa saba mchana tumerudishwa barabarani. Kilomita 80 hivi kwenda, 80 kurudi. Katikati hapo zinabaki saa nne na nusu za mji uliokuwa makao ya wafalme 33 kwa miaka 417, tangu 1350 hadi 1767. Sina ugomvi na ufupi huo. Asiyeijua kazi yetu hudhani ziara fupi ni ziara mbovu. Nimewahi kumwonyesha mgeni Mji Mkongwe kwa saa moja na nusu, meli inamngoja, akaondoka na kitu moyoni. Nimewahi pia kuzunguka na mgeni siku nzima akaondoka na vikoi tu.

Ila mazoea ya kazi hayamtoki mtu. Nilikuwa na saa mkononi, nikawa nahesabu. Wat Mahathat (wat ni hekalu), dakika 25. Wat Phra Si Sanphet, dakika 20. Jumba la Mongkhon Bophit lililo ubavuni mwake, dakika 10. Yule Buddha aliyelala nje juani, Wat Lokayasutharam, dakika 10. Wat Chaiwatthanaram, dakika 25. Duka la vito na hariri, dakika 40.

Kituo kirefu kuliko vyote katika mji wa wafalme 33 kilikuwa duka.

Siwaulizi sababu. Kwetu mambo huwa hivi: bei ya ziara hushushwa na washindani mpaka haimlipi tena anayeongoza, naye hulipwa na mwenye duka, asilimia kadhaa ya alichonunua mgeni. Nimesimama mwenyewe nje ya maduka ya mtaa wa Gizenga, nimeegemea ukuta, nikiomba kimoyomoyo Mtaliano apende ule mkufu. Kwa hiyo yule mama aliyetuongoza alipotuachia mlangoni mwa duka, akaangalia saa yake, kisha akatazama pembeni, sikuhitaji kuelezwa. Simlaumu hata kidogo. Ninayemsemesha hapa ni aliyeipanga ile karatasi aliyoishika mkononi.

Sasa niwaambie kilichonikera zaidi ya duka.

Wat Mahathat kuna kile kichwa cha Buddha kilichokumbatiwa na mizizi ya mti, sura imetulia, macho yametazama chini. Hakuna ajuaye kwa yakini kilifikaje mle. Wengine husema mti ulikikuta kimeanguka ukakizingira taratibu, wengine husema mwizi alikificha asirudi kukichukua. Anayetaka picha pamoja nacho sharti achuchumae, kichwa chake kisipande juu ya kile cha sanamu, na askari yupo wa kuwakumbusha. Utaratibu mzuri. Mie Mwislamu niliufuata bila tabu, kuchuchumaa si kusujudu. Lakini foleni ya picha ilikula dakika 15 katika zile 25, na zilizobaki tulizitumia kupita upesi mbele ya safu za sanamu zilizoketi bila vichwa.

Kijana mmoja wa Kibrazili akauliza: vichwa viko wapi? Mama akajibu: Waburma.

Wat Phra Si Sanphet tukauliza lile sanamu la mita 16 lililofunikwa dhahabu lilikwenda wapi. Waburma. Nani aliliunguza jumba la mfalme? Waburma. Kwenye minara ya matofali tukauliza kuta zake zilikwenda wapi, tukajibiwa Waburma. Ikafika mahali nikawa naogopa kuuliza choo.

Najua kwamba Aprili 1767, baada ya kuuzingira mji zaidi ya mwaka mzima, jeshi la Burma, Myanmar ya leo, liliingia, likauchoma, likawateka watu, na lile sanamu likayeyushwa kwa ajili ya dhahabu yake. Hilo halina mjadala, wala sidai lisemwe kwa sauti ndogo. Lakini matofali hayakubebwa na Waburma yote. Mji mkuu mpya ulipoanzishwa Bangkok mwaka 1782, mashua zilipanda mto hadi kwenye mahame, zikashuka zimesheheni matofali ya Ayutthaya, yakajengewa kuta za Bangkok. Yaani mgeni aliyelala hotelini karibu na mji wa kale wa Bangkok amelala jirani na vipande vya Ayutthaya, na asubuhi mwamsafirisha kilomita 80 kwenda kutazama pengo lake! Mimi ningeipata hadithi hiyo nisingeiacha. Ningeianza pale pale kwenye basi, kabla hatujatoka mjini.

Na vichwa je? Kichwa cha sanamu hubebeka kuliko kiwiliwili, na mnunuzi wa vitu vya kale hakosekani. Wizi uliendelea hadi zama za watu walio hai leo. Wat Ratchaburana iko ng'ambo tu ya barabara kutoka Wat Mahathat. Mtu akitupa jiwe linafika. Ilijengwa mwaka 1424, mahali walipochomwa maiti za ndugu wawili wa kifalme waliogombea kiti kwa vita vya tembo, kila mmoja juu ya tembo wake, wakauana wote wawili, kiti akakikalia mdogo wao wa tatu. Mwaka 1957 wezi walichimba wakaingia chumba cha siri chini ya mnara wake, wakatoka na dhahabu ya wafalme. Serikali ilipochimba baada yao ilikuta bado imebaki ya kutosha, na leo iko katika jumba la makumbusho la Chao Sam Phraya, lililofunguliwa mwaka 1961 na kupewa jina la yule mdogo mtu. Jumba lenyewe ni mwendo wa dakika chache kwa gari. Hatukupelekwa. Hata Ratchaburana tuliiona kwa kuigeuzia shingo tu tukipanda basi.

Halafu Mongkhon Bophit, dakika zetu 10. Lile Buddha kubwa la shaba lilikaa miaka mingi bila paa baada ya moto ule. Jumba linalolifunika leo lilijengwa upya miaka ya 1950, na miongoni mwa waliotoa fedha alikuwamo U Nu, waziri mkuu wa Burma. Mburma! Mmeushika mkononi mwisho wa hadithi, mwisho ambao mwongozaji mwingine angeulipia, na mwatupitisha mbele yake tukivua viatu na kuvaa viatu.

Nawasema ninyi, na mimi nisijifiche. Ziara ya nusu siku ya Mji Mkongwe, jinsi wengi wetu tunavyoifanya, ni utumwa, karafuu na Freddie Mercury. Mgeni huteremshwa kwenye vyumba vya chini pale Mkunazini, hutoka analia, hunusishwa mdalasini, hupigwa picha kwenye mlango wa nyumba ambayo pengine huyo mwimbaji hakuishi, kisha duka. Anaondoka akidhani Unguja ilikuwa soko moja lenye mwovu mmoja. Nani aliyekopesha fedha, nani aliyejenga, nani aliyeoa kwa nani, lugha ngapi zilisikika barazani jioni moja, hayo hayamo. Hayamo kwa sababu hayana mahali pa kupigia picha.

Basi nikiwa nimeketi dirishani, basi likipita barabara ya U Thong inayouzunguka mji, nikaona kitu kilichonisimamisha kitini. Safu ya vibanda, na ndani yake kina mama waliofunga hijabu. Mmoja ana donge la unga mbichi kiganjani, analigusisha kwenye sahani ya chuma ya moto na kulinyanyua, linaacha utando mwembamba, anaubandua kwa vidole, anaweka juu ya mwenziwe. Wallahi nilidhani nimeota. Hivyo ndivyo mama yangu alivyokuwa akichoma manda za sambusa kila Ramadhani. Kando ya manda hizo kulikuwa na mifuko ya sukari iliyovutwa ikawa nyuzi kama nywele, ya waridi, ya kijani, ya manjano.

Nikapaza sauti: "Hicho nini?" Mama akajibu ni roti sai mai, halua ya Ayutthaya, Wathai hutoka mbali kuja kuinunua. Nikamuuliza hao wauzaji ni watu wa wapi. Akasema: "Wa hapa hapa. Waislamu wa Ayutthaya." Wa tangu lini? "Tangu zamani sana." Tunaweza kushuka? Akaitazama ile karatasi. Hakuna muda. Dakika kumi baadaye tulikuwa dukani.

Nilipomfuata nje ya duka nikamtajia jina moja nililolikuta kwenye kitabu usiku uliotangulia, Sheikh Ahmad wa Qom. Uso wake ukabadilika. Akaacha Kiingereza cha basini akaanza kusema kama mtu. Akanieleza kwamba kaburi la Sheikh Ahmad limo ndani ya viwanja vya chuo kikuu cha Rajabhat, kule kule Ayutthaya, na kwamba yeye alisoma chuo hicho, alikuwa akipita mbele ya kaburi kwenda darasani. Akanieleza habari ambazo ningelipa mara mbili kuzisikia. Tulizungumza mpaka wenzetu wakatoka na mifuko yao. Mwongozaji mnaye, na anajua. Mmempa karatasi inayomfunga mdomo.

Siku ya nne nikarudi peke yangu. Nilipanda treni daraja la tatu, madirisha wazi, nauli isiyofika bei ya kikombe cha kahawa pale Bangkok. Ukishuka stesheni Ayutthaya unakata mtaa mmoja, unafika mtoni, unavuka kwa kivuko kidogo, na ukikanyaga ng'ambo uko kisiwani. Hapo tu nikaelewa jambo ambalo basi lilinificha: Ayutthaya ni kisiwa. Mito mitatu, Chao Phraya, Lopburi na Pa Sak, imekutana hapo ikauzunguka mji pande zote. Siku ya kwanza nilivuka daraja nikiwa nasinzia, nikaambiwa "tumefika", nikateremshwa kwenye matofali makavu. Mtu anaweza kuitembelea Ayutthaya kwa safari yenu, akarudi kwao, asijue kwamba alikuwa kisiwani. Mtu wa Unguja!

Nikakodi baiskeli. Kaburi nikalikuta, kweupe, kimya, wanafunzi wanapita na vitabu. Nikasoma Fatiha.

Sheikh Ahmad alikuwa mfanyabiashara wa Kiajemi aliyefika mwanzoni mwa karne ya 17. Siam, yaani Thailand ya wakati ule, ilikuwa na idara mbili za bandari: ya kushoto ikishughulika na Wachina na biashara ya mashariki, ya kulia ikishughulika na watu wa bahari yetu, Wahindi, Waajemi, Waarabu, Wamalay. Mgeni huyu akafanywa mkuu wa ile ya kulia, na akawa msimamizi wa mambo ya Waislamu wa ufalme kwa cheo cha Chularatchamontri. Cheo hicho kipo hadi leo. Ndicho cha kiongozi wa Waislamu wa Thailand. Wazao wake wengine baadaye walishika dini ya Buddha, wakawa ukoo wa Bunnag, na mmoja wao ndiye aliyeshika hatamu za nchi kuanzia mwaka 1868 wakati mfalme Chulalongkorn alipokuwa bado mdogo. Mwaka 1685 wakaja hata wajumbe wa Shah wa Uajemi. Bidhaa za mji zilikuwa ngozi za paa zikienda Japani, bati, pembe, mti wa kutia rangi nyekundu, na tembo wazima, wakipandishwa vyombo kwenye bandari ya Mergui upande wa pili wa nchi na kuvushwa bahari hadi India.

Mtaniuliza hayo yanamhusu nini mtu wa Unguja. Kwetu kuna watu wanaojiita Washirazi, na Makunduchi kila Julai huoga mwaka kwa desturi inayohusishwa na Uajemi. Neno bandari tulilipata kwa Waajemi, na nahodha vilevile. Sisi na yule Sheikh tulikuwa kwenye bahari moja, tukiongozwa na pepo zile zile za msimu, kaskazi na kusi. Mngenieleza hayo kwa dakika tano tu, nisingeitazama Ayutthaya kama mahame ya watu wengine. Na sidhani niko peke yangu. Katika basi letu siku ile walikuwamo Wareno wawili, mume na mke. Wareno walifika Ayutthaya mwaka 1511, wa kwanza miongoni mwa Wazungu, na kijiji chao kilikuwa kusini mwa kisiwa. Msingi wa kanisa lao na mifupa ya waliozikwa humo vinaonekana hadi leo. Alikuwamo msichana wa Kijapani. Kijiji cha Wajapani kinatazamana nacho kwa mto katikati, na mmoja wao, Yamada Nagamasa, alipanda hadi akawa mkubwa katika jeshi la mfalme. Jirani yake palikuwa na kituo cha Waholanzi. Wote hao kwenye basi walikuwa na jamaa zao mle mjini, nao walipelekwa kutazama vichwa visivyokuwapo na pete za yakuti.

Mchana ule wa pili nilinunua mfuko wa manda na mfuko wa nyuzi za sukari kwa mama mmoja mtu mzima wa barabara ya U Thong. Hakujua neno la Kiingereza, nami Kithai changu huishia kwenye salamu. Nikamwambia "Assalaam alaykum". Akaacha donge lake hewani, akaitikia, akaniangalia rangi, akaita jirani aje anitazame. Zile za kijani hutiwa rangi na harufu kwa majani ya jamii ya mkadi. Alinionyesha jinsi ya kuviringisha, akaona naviringisha kama sambusa, pembe tatu, wakacheka wote kibanda kizima. Hakukubali pesa ya mfuko wa pili.

Haya, ombi langu.

Kwanza, duka litoke. Najua maana yake: bei ya safari ipande kidogo, na kilichopanda kimfikie anayeongoza. Sheria ya nchi yenu imeihifadhi kazi hii kwa Wathai wenyewe, jambo ninalowaonea kijicho. Basi anayehifadhiwa kazi na alipwe kwa kazi, si kwa asilimia ya pete. Andikeni kwenye tangazo kwamba safari hii haina duka. Mgeni aliyewahi kutembezwa mara moja duniani ataielewa thamani ya sentensi hiyo, na atalipa.

Pili, mpeni mwongozaji ruhusa ya kuwa na zaidi ya mwovu mmoja. Hamhitaji dakika za ziada. Matofali ya Bangkok ni sentensi tatu, yasemwe basini. U Nu ni sentensi mbili, zisemwe wakati watu wanavua viatu. Wezi wa 1957 wasemwe pale pale barabarani, mkitazama Wat Ratchaburana, hata kama hamuingii.

Kwenu mnaotunza mahame ninalo dogo tu. Kazi yenu nimeiona na naiheshimu. Mji huu umo katika orodha ya urithi wa dunia tangu 1991, na mwaka 2011 mafuriko yaliyafunika mahekalu kwa wiki kadhaa; pale Wat Chaiwatthanaram nimeuona ukuta wa kukunjwa mliouweka kando ya mto ili yasirudie. Anayetunza matofali kwa bidii hiyo hahitaji kufundishwa na mimi. Nachoomba ni kwamba, mnapokaa na wapangaji wa safari, msiwahesabie mahekalu peke yake. Kaburi la yule Sheikh, vijiji vya wageni vya kusini, mtaa wa Waislamu wa Khlong Takhian, hata vile vibanda vya roti, viwemo katika mnavyowaomba wavitaje. Na vijana wanaokuja Wat Chaiwatthanaram wamekodi mavazi ya zamani tangu ile tamthilia ya televisheni ya 2018, msiwakaripie. Wale nao wanauliza watu wa hapa waliishi vipi, ila wanauliza kwa nguo. Niliwaona wasichana watatu wa sekondari wakibishana jinsi mtumishi wa ikulu alivyokuwa akifunga shuka. Katika basi letu hakuna aliyeuliza hilo.

Tatu, na hili nimelipima. Wat Chaiwatthanaram iko ng'ambo ya magharibi, nje ya kisiwa, imeukabili mto. Mfalme Prasat Thong aliijenga mwaka 1630, uso wake ukielekea majini. Ninyi mwatupeleka kwa nyuma, kwa barabara, tunaingilia maegesho ya magari. Siku ile ya pili niliiacha baiskeli, nikakodi boti ndefu ya injini kwenye gati iliyo karibu na soko la Hua Ro, nikamwomba nahodha anishushe kwa upande wa kusini. Tulishuka na Pa Sak. Kwenye makutano ya mito likatokea Wat Phanan Choeng, hekalu lililokuwapo kabla ya mji wenyewe, limejaa Wathai wa asili ya Kichina na moshi wa udi. Tukaenda chini kidogo, Wajapani na Waholanzi mkono wa kushoto, Wareno mkono wa kulia, tukageuza. Tukaambaa na ukingo wa kusini, minara ya misikiti, kanisa la Wafaransa, watoto wanaruka majini, nguo zimeanikwa, halafu mto ukapinda na mbele yetu, juu ya maji, ikasimama minara ya Chaiwatthanaram yote kwa pamoja, mkubwa katikati na midogo imeuzunguka. Nahodha akazima injini bila kuombwa.

Bila kuteremka popote, dakika 50. Mkitoa dakika 40 za duka, na dakika 15 za basi kulizunguka daraja, boti inaingia na zinabaki tano. Basi litangulie tupu, liwasubiri wageni Chaiwatthanaram. Dakika tano zilizobaki zinatosha kusimama barabara ya U Thong, upande wa vibanda. Mfuko mmoja mmoja kwa kila mgeni, wale njiani.

Wenu katika kazi,

Mtembeza wageni,
Mji Mkongwe, Unguja